Naandika, napiga kamera, nahariri: niendelee na zote au nichague moja?

Kijana wa Igoma

Wakuu, habari za jioni. Naombeni ushauri, hasa kwenu mliokaa kwenye filamu muda mrefu.

Nina miaka 26, niko Mwanza. Kinachoniweka mjini ni harusi, sendofu na vipaimara. Nilianza kama mshika taa, nikapewa kamera ya pili, na sasa nina kamera yangu, lenzi mbili, maiki moja ya kubana kwenye shati na kompyuta ya mezani niliyoiunga mwenyewe kwa vipuri vya mtumba. Mwaka jana nilitengeneza filamu fupi ya dakika 18 kuhusu mama anayeanika dagaa Mwaloni, soko la samaki kando ya ziwa hapa Mwanza, na mwanawe aliyeacha shule ili amsaidie. Nimeiandika mimi, nimeiongoza mimi, kamera mimi, nimehariri, nimekoreza rangi, na muziki nimeupiga kwa kinanda cha kwaya yetu. Majina yanapopita mwishoni, langu linatokea mara sita.

Nikampelekea mtu mmoja mwenye nafasi kwenye kituo cha televisheni, sitakitaja. Akatazama kama dakika nne, akaniambia: "Mshika mawili moja humponyoka, na wewe umeshika sita. Chagua fani moja kisha urudi tuzungumze."

Tangu siku ile sina raha. Nikichagua kamera, naona kama naua uandishi. Nikichagua kuandika, nani wa Mwanza ataninunulia skripti? Kuna mtu aliyeishi na kula kwa kufanya zote? Nisaidieni.

---

Mdau wa Kinondoni

Pole mkuu. Ila huyo hajakosea sana. Mimi ni mpiga kamera basi, mwaka wa 11 huu, na simu yangu haitulii kwa sababu anayenipigia anajua ananiitia nini. Ukimwambia prodyuza unajua kila kitu, hajui akuandike mstari gani kwenye bajeti. Tena atakulipa posho ya mtu mmoja kwa kazi za watu wanne, nimeshuhudia kwa macho yangu. Chagua kamera, jenga jina. Hayo mengine yafanye kwako kwa muda wako.

---

Mtu wa Mutukula

Mdau hapo juu nakuheshimu, lakini kuna mfano uko jirani tu, ukivuka mpaka. Isaac Nabwana wa Wakaliga, Kampala. Huyu kaka hakusomea filamu popote. Aliandika mwenyewe, akaongoza, akapiga kamera, akahariri kwenye kompyuta alizoziunga kwa mikono yake kama wewe ulivyofanya. Filamu yake ya mapigano iliyotoka 2010, Who Killed Captain Alex, inatajwa kuwa iligharimu chini ya dola 200 za Marekani. Bunduki za chuma chakavu, helikopta ya kwenye kompyuta, waigizaji ni vijana wa mtaani. Leo watu wanatoka Ulaya na Marekani kwenda kumtafuta kwenye vichochoro vya Wakaliga. Angechagua fani moja, nani angempa hizo nyingine?

---

Dada wa Chumbageni

Mdogo wangu wa Igoma, niliusoma uzi huu asubuhi nikiwa kwenye daladala. Nikasema nisijibu kwa kidole kimoja, nisubiri nifike nyumbani. Swali lako nimelala nalo miaka mingi, na jibu nililipata kwa hasara. Nivumilie, nitaandika kirefu.

Mimi ni wa Tanga, Chumbageni, naishi Dar, nina miaka 41. Nilianza 2003 kumshikia taa mjomba wangu kwenye harusi. Taa yenyewe ilikuwa ya wati 1000, ukiikaribia unasikia nywele za mkono zinanuka. Kazi yangu ilikuwa kufuata bega lake la kulia popote aendapo, na kuhakikisha waya haujikunji miguuni mwa mashangazi wanaocheza. Siku moja, bibi harusi anaaga kwao, nikaielekeza taa usoni kwake kama kila mtu angefanya. Mjomba akanigusa na kiwiko, akaninong'oneza: "Mikono ya mama yake." Nikageuza. Yule mama alikuwa ameshika kitambaa cha jasho, anakikunja, anakikunjua, anakikunja tena. Uso wake ulikuwa unacheka. Mjomba akakaa kwenye ile mikono kama sekunde 20. Hapo sikujua neno mwongozaji wala mhariri, lakini ninachokijua kuhusu kuongoza nilikipata kwenye ile mikono, na nilikipata nikiwa mshika taa.

Kwa hiyo usimruhusu mtu akuambie kwamba kujua kazi nyingi ni ugonjwa. Ngoja nikueleze kazi moja inavyofundisha nyingine.

Nilikuja Dar 2007, enzi ambazo filamu zetu zinauzwa kwenye DVD na filamu nzima inapigwa kwa wiki moja kwenye nyumba moja ya kukodi. Niliingia kama mtunza mwendelezo: naandika nani kavaa nini, glasi imejaa hadi wapi, mkoba uko mkono upi. Usiku namsaidia mhariri kuingiza kanda. Wewe umekuta kadi, hujui ile adha. Zilikuwa kanda ndogo za mini DV, na kanda ya saa moja inaingia kwenye kompyuta kwa saa moja kamili, haina njia ya mkato, na inakula kama jigabaiti 13. Sisi tulikuwa na diski ya 80. Piga hesabu: kanda sita, imejaa. Filamu moja ilikuwa na kanda 14. Tukawa tunahariri sehemu ya kwanza, tunaitoa kwenye kanda, tunafuta kila kitu, tunaingiza sehemu ya pili. Ukigundua kosa kwenye dakika ya 10 wakati uko dakika ya 60, linabaki hapo.

Kukaa pale usiku ndiko kulikonifundisha kamera. Maana mhariri ndiye anayelipia uvivu wa wengine. Mwongozaji amepiga watu wawili wanaongea, amepiga nyuso zao, akaondoka. Katikati mmoja amekosea neno. Sasa unakatia wapi? Huna mkono, huna kikombe, huna mtoto dirishani, huna kitu cha kufunikia. Nilisema moyoni, siku nikishika kamera sitaondoka kwenye chumba bila vitu vitatu vya kufunikia. Hadi leo sijaondoka bila hivyo. Mpiga kamera ambaye hajawahi kuhariri hukuletea picha nzuri zisizoungana, na Mdau anisamehe, najua yeye si mmoja wao.

Sasa hasara yangu.

Mwaka 2011 nilipiga filamu yangu ya kwanza ndefu. Shilingi milioni 3 na laki 2, akiba yangu pamoja na zamu yangu ya mchezo wa akina mama. Niliandika, nikaongoza, nikapiga kamera, na nilijua nitahariri. Tulipigia Tanga, nyumba ya bati kule kwetu. Kulikuwa na mandhari moja iliyobeba filamu yote: mama analetewa habari kwamba mwanawe amezama baharini. Nilimpata mama wa makamo, mwigizaji wa majukwaani, ambaye alinisikiliza mara moja tu, akasema, "Mwanangu, usinirudie rudie, nitakupa mara mbili."

Tukawasha. Mvua ikaanza. Kwenye kioo cha kamera ilikuwa nzuri kupita nilivyoandika: mwanga wa dirishani umepoa, uso wake nusu uko gizani, nyuma maji yanatiririka kutoka kwenye makuti ya jirani. Nilikuwa naangalia fokasi, naangalia fremu, nasikiliza kama maneno yake yanafuata skripti, nahesabu kichwani nitakatia wapi. Hedifoni zilikuwa shingoni. Maiki ilikuwa imefungwa kwenye mti wa mwanzi, ameshika kijana ambaye dakika tano nyuma alikuwa anachemsha chai. Mama akatoa alichotoa. Wote mle ndani tulilia. Mara ya pili akatoa tena. Nikasema tumemaliza.

Dar, kwenye kompyuta, nikasikia bati. Mvua juu ya bati, na chini yake, mbali, kama mtu anayeita kutoka nyumba ya tatu, sauti ya yule mama. Maneno mawili yanasikika, matatu hayasikiki.

Nilimlipia nauli akaja Dar. Tukasimamisha magodoro manne kuzunguka kitanda, tukatundika vitenge mlangoni, tukazima friji ya nyumba nzima. Akavaa hedifoni, akajitazama, akajaribu kujifuata. Tulirudia mara 13. Alikuwa fundi, alijitahidi mno. Lakini ile sauti ilikuwa inalia ili ipatane na mdomo. Haikuwa inamlilia mwanawe. Na mtazamaji analijua hilo hata kama hawezi kulisema. Filamu ikatoka hivyo. Hadi leo ile mandhari ikija, natoka chumbani.

Hapo ndipo nilipolielewa swali lako. Nilijua kazi sita, na hilo halikuniangusha. Niliangushwa na kuzifanya zote sita ndani ya dakika moja. Ningekuwa na mtu mmoja tu wa kusikiliza, mmoja, angeinua mkono akasema "dada, sauti hakuna," nami ningesubiri mvua ikatike. Ilikatika baada ya dakika 40.

Watu hupenda kumtaja Robert Rodriguez wa Texas, kwamba alipiga El Mariachi kwa dola 7,000 hivi, karibu peke yake, mpakani mwa Mexico, na sehemu ya hela aliipata kwa kujitolea mwili wake kwenye majaribio ya dawa hospitalini. Ni kweli. Lakini tazama alivyofanya. Kamera yake ya filamu ilikuwa na kelele na haikurekodi sauti. Basi anapiga picha kwanza, anazima kamera, kisha papo hapo anamsogezea mwigizaji maiki na kumwomba aseme maneno yale yale, hali yangali moto mdomoni. Kazi zote ni zake, ila kila moja na dakika yake. Na studio ilipoinunua, iliongeza fedha nyingi kuliko zile 7,000 kuitengeneza sauti na picha iweze kuingia majumba ya sinema. Hiyo sehemu vijana huwa hawaisimulii.

Na Nabwana, ndugu yangu wa Mutukula, nampenda sana, lakini mtu yule hayuko peke yake. Ana mkewe anayebeba mzigo wa uendeshaji, ana fundi wa vyuma anayetengeneza zile bunduki, ana vijana wa kung fu, ana msimuliaji wake. Jina lake liko kila mahali kwenye filamu, lakini ua wake umejaa watu. Tena iko habari yake moja inayoniumiza kila nikiikumbuka. Ile filamu ya 2010 haiko tena katika hali yake ya awali. Alifuta kompyuta ili apate nafasi ya kuanza filamu iliyofuata. Tunayoitazama leo ni nakala iliyosalia, yenye sauti ya msimuliaji juu yake. Wazungu wakilisikia hilo hushangaa. Mimi sikushangaa, nilikumbuka diski yetu ya 80.

Kwa hiyo mdogo wangu, kabla hujaamua lolote kuhusu fani, leo hii nunua diski mbili, weka zile dakika 18 pamoja na picha zote ghafi kwenye kila moja, moja ikae kwako, nyingine kwa mama yako au kwa padri. Umeme wa kwetu unajulikana.

Kuhusu kula: hapa Mdau yuko sahihi, na usimpinge. Sokoni watu hununua jina moja. Mimi sokoni ni mhariri. Nikiandika barua ya kuomba kazi, natia uhariri tu, sitii kingine. Hiyo ndiyo kodi ya nyumba na ada ya mwanangu. Nahariri tamthilia za watu, filamu za mashirika kuhusu maji na afya, wakati mwingine kipindi cha mapishi. Filamu zangu mwenyewe napiga moja kila baada ya miaka mitatu hivi, na kwenye hizo ndiko kamera inakotoka kabatini na daftari la skripti linakofunguliwa. Mwaka ambao sina yangu, ule ujuzi mwingine haufi, unanisaidia kuongea na watu. Mpiga kamera akiniambia haiwezekani, najua kama haiwezekani au amechoka.

Hiyo ya jina kutokea mara sita, sikulaumu, najua kwa nini liko mara sita. Ila kwenye filamu yako ijayo anza na nafasi moja: sauti. Kabla ya kuongeza lenzi, kabla ya taa, mlipe mtu wa sauti. Filamu fupi niliyoipiga baada ya ile ya mvua nilimlipa kijana laki moja na nusu kwa siku, siku tatu, na nilibaki sina hela ya mavazi, waigizaji wakavaa nguo zao. Ilionyeshwa Zanzibar, kwenye Tamasha la Nchi za Jahazi, pale Ngome Kongwe. Usiku, wazi, watu wamekaa kwenye ngazi za mawe. Kuna mahali bibi mmoja anaguna tu, "Hm," mgongo umetupwa kwa kamera. Hakuna uso, hakuna neno. Ngome nzima ikaangua kicheko, hadi wanawake wa Kizanzibari waliokaa nyuma yangu wakaanza kuguna wao kwa wao. Ile "Hm" ilisikika kwa sababu kulikuwa na mtu ambaye kazi yake siku hiyo ilikuwa kusikiliza tu.

Huyo aliyekutazamia dakika nne, hizo dakika 18 hakuzitazama. Usimpe usingizi wako.

---

Mdau wa Kinondoni

Dada umeniua na hiyo ya vitu vitatu vya kufunikia. Kesho niko seti, naanza nayo. Nakubali, niliongea kama fundi wa soko. Kijana, msikilize.

---

Fundi Masikio

Nimefanya sauti miaka minane, sijawahi kuona mtu akitutetea humu hivi. Asante sana dada.

Niongeze ya kiufundi kwa kijana. Kila ukimaliza mandhari, kabla watu hawajatawanyika, wanyamazishe wote na urekodi dakika moja ya chumba kikiwa kimya. Kimya cha chumba kina sauti yake, na utakihitaji kuzibia unapokata maneno. Friji zima kabla hujaanza, na ufunguo wa gari lako uweke ndani ya friji hilo hilo, ili usiondoke ukaacha samaki wa watu wakaoza. Ile maiki ya kubana, usiiweke juu ya nguo ya nailoni, inakwaruza. Ipige plasta kifuani chini ya pamba. Na kwa kuwa unapiga ndani ya nyumba zenye taa za tyubu: umeme wetu ni hezi 50, weka fremu 25 kwa sekunde na shata 1/50 ya sekunde, picha haitapepesa. Hiyo si ya sauti, lakini nimechoka kuiona.

Kwa dagaa wa Mwaloni, upepo wa ziwa utakusumbua. Manyoya ya maiki ukikosa, kipande cha blanketi la mtoto kinafanya kazi.

---

Kijana wa Igoma

Wakuu, sijui niseme nini. Dada, nimesoma mara mbili. Ile ya mvua na bati imenitoa machozi, kwa sababu na mimi ninayo. Kuna mahali mtoto anamwambia mama "sirudi shule", na pikipiki inapita. Niliifunika kwa kinanda. Nilidhani hakuna atakayejua.

Diski nimeshanunua moja, ya pili mwisho wa mwezi.

Nina swali la mwisho. Kuna mtu mwingine, wa chaneli ya mtandaoni, ameniandikia jana. Anataka kuinunua hii filamu kwa laki nne, na amenitumia karatasi moja ya kusaini. Imeandikwa "haki zote". Laki nne kwangu ni kubwa, ni miezi miwili ya kodi. Nisaini?

---

Dada wa Chumbageni

Usisaini leo. Weka kalamu chini, unisome kwanza.

Ile filamu yangu ya 2011 niliiuza kwa msambazaji mmoja. Karatasi moja kama hiyo yako, juu ya meza iliyojaa makava ya filamu za wenzangu. "Haki zote." Nilikuwa na deni la mchezo, akina mama wananingoja, nikasaini nimesimama. Nikaacha na kanda mama pale pale, sikubaki na nakala. Tangu hapo nimeiona kwenye basi la Arusha, nimeiona kwenye televisheni ya saluni, nimeiona mtandaoni imekatwa vipande vinne na kila kipande kina matangazo. Yule mama aliyelia mara 13 alinipigia simu kuniuliza kama kuna chochote chake, kwa sababu kila mtu mtaani anamwambia anaonekana. Sikuwa na cha kumpa. Simu ile naikumbuka kuliko ile mvua.

Neno linalokuumiza ni "zote". Huyo mtu anataka kuionyesha kwenye chaneli yake, si ndiyo? Basi mpe hilo. Mwombe aandike: ruhusa ya kuonyesha, kwenye chaneli fulani, kwa muda wa mwaka mmoja au miwili, na haki nyingine zote zinabaki kwa mwenye filamu. Andika kwamba unaruhusiwa kuipeleka kwenye matamasha, maana matamasha mengi huuliza kama imeshawekwa mtandaoni, na ikiwa imeshawekwa wengine wanaikataa. Kwa hiyo ukitaka kujaribu Zanzibar au kwingine, mwambie asubiri hadi tamasha lipite, na tarehe hiyo iandikwe. Kama anaitaka kweli, laki nne hizo hizo atakupa kwa miaka miwili. Akikataa na kusema ni zote au basi, sasa umejua alichokuwa ananunua.

Kabla ya hapo, isajili COSOTA, ofisi ya hakimiliki. Na kama hukupata kibali cha Bodi ya Filamu ulipoipiga, nenda kwa Afisa Utamaduni wa mkoa wako, umweleze ukweli, akuongoze namna ya kuiweka sawa na kuipeleka ikapangiwe daraja. Fanya hivyo wakati filamu haijajulikana. Siku ikijulikana ndipo watakapokuuliza.

Jambo jingine, na hili hukuniuliza. Kile kinanda. Wimbo ulioupiga ni wako, au ni wa kwaya? Kama mtunzi wake yuko hai, mfuate kabla ya Jumapili, mwombe akuandikie kwamba amekuruhusu, na jina lake uliweke mwishoni. Yule mama wa dagaa na yule mtoto pia, waandikishane nawe hata kwa mkono, karatasi ya daftari, sahihi na tarehe. Uandike kabisa kwamba filamu ikipata kitu, wao watapata kiasi gani. Usiseme tutaelewana.

Na ile "sirudi shule" usiiache chini ya kinanda. Mtoto bado yuko Mwanza? Sauti yake haijavunjika bado? Mfuate wiki hii. Usimrekodi chumbani, mrudishe pale pale Mwaloni, saa ile ile, asimame alipokuwa amesimama, mama yake wa filamu awe mbele yake, ashike samaki kama alivyoshika. Mwambie aseme hayo maneno mara tatu bila kutazama picha yoyote. Halafu Fundi Masikio akuelekeze namna ya kuyakalisha. Kama pikipiki itapita tena, subiri ipite.

Ukimaliza nitumie zote 18. Ijumaa usiku sina kazi ya mtu, nitazitazama kwa hedifoni, mwanzo hadi mwisho, nikuandikie dakika kwa dakika.

---

Kijana wa Igoma

Mtoto yuko, dada. Anauza karanga stendi ya Nyegezi. Naenda kesho asubuhi.